Mistari ya Majivu

Chokaa hatukuwa nayo pale chuoni Mpwapwa.
Mwalimu Nasoni Chidumizi alituamsha kabla ya kengele
tukazoa majivu jikoni kwa ndoo,
tukachora uwanja: boksi, duara la kati, kona nne.
Kufikia kipindi cha pili upepo umeshakula nusu
na kila timu ina mpaka wake kichwani.

Mimi nilikuwa kipa. Nasema kwa kuwa niliona.
Fainali na vijana wa reli,
mpira uligonga mwamba, ukadunda, nikaukumbatia
tumbo juu ya majivu, si nyuma yake.
Refa akapuliza. Akaonyesha kati.

Mwalimu hakumtukana. Hata kofia hakuvua.
Usiku aliwasha kandili, akafungua kijitabu cha sheria kumi na saba,
akaandika rufaa kwa mkono, nakala tatu.
Jibu lilikuja baada ya mwezi:
*Imechelewa siku moja. Imetupwa.*
Alitusomea mara mbili, polepole,
kama mtu anayeonja mboga akitafuta chumvi.
"Kumbe kuna mchezo mwingine," akasema,
"na sisi hata jezi zake hatuzijui."

Miaka thelathini na tisa, mke, watoto watano,
akapanda treni kwenda Dar es Salaam kusoma sheria,
akakaa dawati moja na vijana aliowafundisha kupiga penalti.

Alirudi na joho jeusi. Vumbi la Dodoma likaligeuza la udongo.
Ofisi: chumba nyuma ya fundi cherehani, Barabara ya Saba.
Walimlipa mbuzi, debe la uwele,
zabibu msimu wake,
na wengine asante, tena ya mkopo.

Mji ukatanuka. Wapimaji wakaja na mawe yenye namba
wakayazika katikati ya shamba la mama yangu, Nzuguni.
Mahakamani Mwalimu alimwuliza shahidi wao swali moja,
lile lile aliloniuliza mimi kila nilipofungwa:
"Ulikuwa umesimama wapi?"
Yule bwana akatazama viatu vyake.
Hakuwahi kufika. Alisaini akiwa mezani.
Tulirudishiwa nusu. Nusu nyingine ilikuwa barabara tayari.

Kesi alizoshindwa ni nyingi, nisimpambe.
Alikuwa mbishi, na nyumbani kwake
watu waliogopa saa ya ukutani kuliko mwizi.

Juzi, baada ya arobaini, bintiye Tabeya alinikabidhi bahasha.
Filimbi yenye kutu, imefungwa utepe mwekundu wa majalada,
na nakala ya tatu ya rufaa ile.
Pembeni, kwa penseli: *Kipa anasema kweli.*

Nina miaka themanini na moja, Mwalimu.
Siku hizi nikifumba macho naona upepo,
naona mikono yangu, naona mpira,
na majivu
siyaoni.