Shati la Mwalimu Kibwana

Alikuja Mwajemi, Bwana Daryani,
na kamera moja na kikohozi,
akanikuta kibarazani, Barabara ya Kumi na Mbili,
napuliza mkaa wa pasi.
Mkalimani akasema: anataka uigize.
Niigize nini? Nina mashati kumi na saba hapa.
Akasema: hayo hayo.

Siku tatu nikapiga pasi mbele ya jicho lile.
Nikijipaka poda, anatikisa kichwa.
Nikitabasamu, anakohoa.
"Mwambie asahau kuwa nipo."
Mtu kasimama mlangoni kwako, kakuzibia mwanga,
utamsahau vipi?

Siku ya nne shemeji Mbaruku akapita na baiskeli,
akashuka, akauliza habari za watoto.
Hakuuliza habari za mafao ya marehemu,
mwaka wa pili sasa yako kwake, "yanashughulikiwa".
Nikatazama kandambili zake:
ya kushoto imefungwa kwa waya.
Neno likanifika kooni, likakaa.
Nikamwambia, karibu chai.
Akasema, nimeshakunywa.
Na mkono wangu, kumbe, umelala.

Harufu ndiyo iliyoniamsha.
Mgongoni mwa shati jeupe
pasi imechora pasi.

Bwana Daryani machozi yamlenga,
kalikumbatia shati linafuka moshi,
anasema maneno marefu ya kwao.
Mkalimani kayafupisha: "Ndiyo hiyo."
Ndiyo ipi? Shati la watu?

Tanga, waja leo waondoka leo.
Naye akaondoka.
Mwalimu akasema: alipe Mwajemi.
Mkalimani akasema: pasi ilishikwa na nani?
Mbaruku akasema: mimi nilikuwa napita tu.

Mwaka ukageuka. Ukumbini mwa shule
wakatundika shuka, wakatuonyesha.
Mie huyo ukutani, mkubwa kama mlango,
na shemeji yangu, na waya wake.
Waliokuwa wakitafuna bisi wakaacha.
Moshi ulipopanda
Mwalimu Kibwana aliinuka nusu,
kama mtu anayewahi kuokoa kitu,
akakaa.
Mbaruku sikumwona akitoka.

Asubuhi Mwalimu kaleta suruali mbili.
Hakutaja shati. Sikutaja bei.
Nikanyunyiza maji,
nikaijaribu pasi kwa kidole chenye mate,
ikalia.