Mataruma Manne

Mjibu maombi alikuja na bahasha ya kaki:
ofa, ramani, risiti tatu za kodi ya ardhi,
na muhuri wa buluu ulioiva kama zambarau.
Wakili wake akavipanga mezani
kama bibi harusi anavyopanga vikombe vipya.

Mimi nilikuja na kandambili
na jina la baba, Mayunga Kasanda,
mnyapara wa genge la reli, Tabora mpaka Igalula.

"Mama Nyamizi, una maandishi yoyote?"

Nikasema: Nina choo.

Baraza likacheka. Mshauri mmoja aliyekuwa amesinzia
aliamka, akacheka kwanza,
ndipo akauliza kumetokea nini.

Nikasema, andikeni hivyo hivyo.
Kiwanja cha Ipuli, kona ya minyaa,
hatua kumi na tisa kutoka ulipokuwa mlango wa jiko.
Baba alikichimba mwaka ule sukari ilipokuwa kwa kibali,
kina chake watu wawili na mkono mmoja.
Juu akalaza mataruma manne ya chuma,
akakandika udongo wa kichuguu.
Nilikuwa na miaka tisa, maji ya kukandia niliyateka mimi.
Baadaye tulichimba kingine, pale tukapanda maboga,
na maboga yale, Mheshimiwa,
hatukuwapa wageni.

Mwenye hati naye akaulizwa.
Akasema: Choo gani? Mimi nilinunua pori.

Pori.
Nililitafuna neno hilo njia nzima,
halikulainika.

Siku baraza lilipotembelea eneo
ilikuwa mwezi wa tatu, ardhi imeshiba mvua.
Lori lake la tofali likaja kwa madaha,
tuone kwamba ujenzi unaendelea.
Dereva, kijana wa Sikonge, hakujua kesi ya mtu.
Alikata kona penye minyaa.

Gurudumu la nyuma likashuka
taratibu, kama mtu apigaye goti,
halafu puu!
Tofali chini, mwenyekiti kando, wakili kwenye tope.

Na mle shimoni kikachomoza kichwa cha chuma,
chekundu kwa kutu.
Wakachimba. La pili.
La tatu, limepinda.
La nne.

Nikalifuta moja kwa upindo wa kitenge.
Herufi zikajitokeza, za shirika la reli,
na mwaka wake chini yake.

Maandishi hayo, Mheshimiwa.
Yasome wewe, macho yangu yamechoka.

Safari hii hakuna aliyecheka.
Nilisimama pale nimenyooka,
miaka kama ishirini imenitoka mgongoni.

Ndipo wakili, akikwangua kiatu chake kwa kijiti,
akauliza, kwa upole kabisa:
"Na mali hii ya reli, mzee wako aliipataje?"

Lo.

Mkokoteni usiku, hauna taa.
Mama akizungushia magurudumu matambara yasilie.
Mimi dirishani, nilipaswa kuwa nimelala,
na baba akainua uso, akaniona,
akaweka kidole mdomoni.
Miaka arobaini na moja nimekitunza kidole kile.

Kalamu ya karani ilikuwa juu, inasubiri.
Mwenye hati alitabasamu kwa mara ya kwanza tangu asubuhi.
Niliyatazama yale mataruma manne:
yakikaa kimya nimepoteza kiwanja,
yakisema nimempoteza baba.

Nilijibu.
Nilichojibu kimo kwenye jalada, sikirudii hapa.

Shauri limeahirishwa hadi tarehe kumi na saba.
Vyuma vimechukuliwa, vimeandikwa namba kwa chaki.
Lori limevutwa na trekta, limekwenda zake.
Shimo wameliacha wazi, kila mtu amenawa akaondoka.

Jioni nilirudi peke yangu na panga,
nikakata miba, nikaizungusha pande zote,
mtoto wa mtu asije akatumbukia
kwetu.