Pini ya Kiti cha Kumi na Moja

Idi pili, Sohar, saa kumi alasiri.
Joto limekaa juu ya vyuma kama mgeni asiyeaga.
Foleni imejipinda mara tatu na bado inaota mkia.
Watoto wamefumbata noti za idi,
nusu riyali, riyali, mpya, zimelowa jasho,
na wote wanataka kitu kimoja tu:
kupanda Uqabu, treni ya reli zilizosokotwa,
inayokwea polepole kama mtu mwenye deni
kisha ikaporomoka kama mtu aliyesamehewa.

Mimi ndiye Zayana wa fimbo.
Fimbo yangu ina alama nyekundu: sentimita mia na ishirini.
Hila zote nazijua. Navijua viatu vilivyoshindiliwa karatasi,
kofia ya nakshi iliyotunishwa juu ya utosi,
na kusimama kwa ncha za vidole huku uso umetulia kama wa sala.
Nilifanya hivyo mwenyewe, nilipokuwa na miaka minane,
na mtu wa fimbo akacheka, akaniachia nikapita.

Wapi, sisemi.
Nilikaa ubavuni mwa binamu yangu, Khalfan.
Chuma cha mapajani kilimbana yeye;
kwangu kiliacha uwazi wa kupitisha mto wa kulalia.
Kwenye kona ya pili nilinyanyuka.
Sikuruka. Nilinyanyuka,
kama ukurasa upepo unapotaka kuusoma.
Khalfan alinikamata gauni mpaka mshono ukalia.

Jioni mama akauliza: gauni limechanikia wapi?
Nikasema: kwenye pembea.
Hakuendelea. Kwake yeye pembea ni kamba na ubao,
ni sikukuu za Unguja, ni kaka anayekusukuma mgongoni.

Leo Sajeevan, fundi, kapita na spana begani.
Anagonga kila kiti kwa kifundo cha kidole,
anatega sikio kama mnunuzi wa matikiti.
Kiti cha kumi na moja kimemjibu kwa sauti nyingine.
Pini. Nyembamba kuliko kidole cha mwisho,
imelika upande mmoja, inang'aa pasipotakiwa kung'aa.
"Ya akiba?"
"Ipo njiani. Wiki mbili."

Meneja Haitham akaja na simu mbili,
akaitazama foleni, midomo ikihesabu.
"Fungeni kiti kimoja. Vingine viende."
Sajeevan akafuta mikono, kwa Kiarabu chake cha gereji akasema:
"Pini hizi zote zimezaliwa siku moja."

Nikavuta mnyororo. Nikageuza kibao.
Weee, nilitukanwa! Kwa Kiarabu, kwa Kibulushi, kwa Kiurdu,
na kwa Kiswahili, na bibi mmoja aliyedhani sisikii:
"Na huyu naye na fimbo yake, utadhani askari wa forodha."
"Tuwie radhi, bibi. Chuma hakijui sikukuu."
Akaduwaa. Akacheka. Bado hakunisamehe.

Wa kwanza kwenye foleni alikuwa Muhannad,
saa nzima na nusu juani, viatu vimejaa karatasi.
Akaniuliza: "Nani kafa?"
"Hakuna aliyekufa."
"Sasa mbona mmefunga?"
Nilitafuta jibu la kutosha kwenye masikio ya miaka minane.
Sikulipata. Nikamnunulia barafu; akaila akinikodolea macho.

Ajali isiyotokea haina picha, haina gazeti,
hata jina haina. Ina bei tu,
na bei Haitham anaijua: riyali mia saba na arobaini.
Kaiandika kwa kalamu nyekundu, kaitia mstari chini.

Usiku nimerudi na pini mkobani, imefungwa kwenye leso.
Khalfan hupiga simu kila idi, kutoka Al-Ain.
Ile kona ya pili hatujaitaja, miaka ishirini na sita.
Huuliza tu, baada ya salamu na habari za watoto:
"Gauni lipo?"
"Lipo."
"Umelishona?"
"Bado."