Nembo

Msimu huu nimepewa brashi na bati lililotobolewa.
Nalilaza juu ya gunia, napitisha wino, naliinua:
jina la chama, daraja, mwaka,
na bibo moja, korosho yake ikining'inia.
"Nembo isomeke," karani Mchopa hachoki kusema.
"Gunia lisilo na nembo halina kwao."

Neno lile nililibeba hadi nyumbani Kitangari,
nikamkuta bibi Somoe uani, anabangua.
Alicheka hadi jiwe likamponyoka.
"Siku hizi mnachanja magunia!"

Yeye alichanjwa kabla hajavunja ungo,
kichwa pajani mwa shangazi yake.
Fundi alivuka Ruvuma na kijembe
na masizi ya mbono ndani ya kifuu.
Usilie, aliambiwa, ukilia mstari unapinda.
Pembe juu ya pembe, kama nyayo za ndege kwenye tope,
paji, kidevu, shavu la kulia.
La kushoto, karibu na sikio, mstari mmoja umekwenda mrama.
"Hapa," ananishika kidole, ananigusisha,
"hapa nilimwita mama."

Mjomba Chitanda amefundisha Kiswahili miaka thelathini,
hawezi kuona neno likipita asilisimamishe.
Kwetu, anasema, kulemba ni kuandika.
Pwani wakalainisha ulimi, wakasema kuremba,
wakapata urembo, wakapata warembo;
sisi tukabaki na nembo, na kidonda chake.
"Kumbe mimi ni barua," bibi akasema.
Mjomba akauliza, barua kwa nani?
Bibi akapuliza jivu, akaokota kokwa nyingine.

Jirani Nantende hakubali: neno limetoka kwa ndembo,
tembo, kwa sababu ngozi iliyopona huwa ngumu.
"Na kilemba?" nikachokoza.
"Hicho," akasema mjomba, "kikae kichwani kwanza."
Mimi sijui. Maneno nayo hubanguliwa:
ukiharakisha, unapasua kokwa
na mafuta yanakuunguza vidole.

Kuna miaka bibi haisimulii vizuri.
Alikwenda Dar kumuuguza dada yake,
watoto wa mtaa wakamfuata wakihesabu mistari kwa sauti.
Alirudi na kanga imevutwa hadi machoni.
Mama yangu hakuchanjwa.
Mimi hununua wanja, nauchora, usiku naufuta.

Mwaka ule wa vitambulisho tulipanga foleni tangu alfajiri.
Kijana wa mashine akambonyeza kidole gumba: hakuna.
Akakifuta kwa spiriti, akabonyeza tena: hakuna.
Cha shahada, hakuna. Maji ya korosho
yalikuwa yameshakula kila kitu.
"Bibi, huna alama," kijana akasema, kwa heshima kabisa.
Bibi akashusha kanga mabegani.
"Mjukuu wangu," akasema, "tazama tena."

Kadi ilikuja baada ya masika mawili.
Juu yake nembo ya Taifa: mume na mke,
kila mmoja ameshika pembe ya ndembo
(Nantende alishangilia kama ameshinda kesi),
karafuu miguuni, pamba miguuni.
Bibi alitafuta mkorosho, hakuuona.
Kisha akajitafuta mwenyewe.
Mwanga wa kamera ulikuwa umemlamba uso,
shavu laini kama la mtoto wa juzi.
"Huyu msichana," akaniuliza, "ni wa nani?"

Leo ghalani bati limeniteleza.
Bibo limepinda, mwaka umevuja wino pembeni.
Mchopa, kutoka mlangoni: "Rudia hilo!"
Nikaliweka na mengine yanayosubiri mnada,
nikalaza bati juu ya gunia lililofuata.
Lile liende vilevile.
Hapo lilimwita mama.