Hali Ibaki Kama Ilivyo

Muhuri wa buluu umekaa upande,
kama wa mtu aliyegonga haraka ili awahi kula.
Karani alisoma kwa sauti ya kutangaza msiba wa asiyemjua:
mdai asiingie, mdaiwa asiingie,
hali ibaki kama ilivyo
hadi shauri la msingi litakaposikilizwa.

Nikanyoosha mkono. Hakuna aliyeniambia ninyooshe.
"Mheshimiwa, ilivyo lini?"
Watu wakacheka. Mwenyekiti hakucheka.
Alivua miwani, akaifuta, akasema: "Ilivyo leo."

Leo ilikuwa tarehe tisa Julai.
Mikorosho themanini na tatu ilikuwa na maua.
Nikarudi Mahuta nyuma ya bodaboda, nikiwaza
nani atayapelekea maua hati ya wito.

Nassoro Chihipu ni mpwa wa marehemu.
Nilimlea miaka sita. Anajua chungu changu kilipopasuka
na kwa nini sikukitupa.
Anasema kwao mali ya mjomba hufuata tumbo la dada.
Mimi nina viganja. Nilivionyesha barazani.
Viganja havikupokelewa kama kielelezo.

Agosti ubwiri unga uliingia bila kibali.
Haukuwa mdai, haukuwa mdaiwa.
Mfuko wangu wa salfa ulikaa chini ya kitanda changu,
wake, nasikia, chini ya kitanda chake.
Tukalala juu ya dawa
huku maua yanakauka, meupe, kama yamepakwa unga wa muhogo.

Halafu ule moto.
Mtu alichoma nyasi bondeni akitafuta panya,
upepo ukaupandisha.
Sikuikumbuka karatasi. Nilikumbuka maji,
ndoo moja na nusu, ya kununua,
nikayaacha, nikavunja tawi bichi.
Ng'ambo ya moshi kulikuwa na mtu anapiga moto kwa shati.
Lile shati nalijua. Kifungo cha tatu nilikishona mimi,
kwa uzi usiofanana.
Hatukusalimiana.
"Kushoto!" alisema. Nikaenda kushoto.
"Nyuma yako!" nilisema. Akageuka.

Kumi na moja iliungua.
Alfajiri kila mtu alitoka kwa upande wake,
akifagia nyayo zake kwa tawi, kinyumenyume,
kama mwizi.

Novemba Mwenyekiti aliuliza: "Amri imeheshimiwa?"
"Imeheshimiwa," akasema Nassoro,
nyusi zake bado hazijaota vizuri.
"Imeheshimiwa," nikasema,
mkono wenye kovu ndani ya kanga.
"Vema."
Zuio likaongezwa. Shauri likasogezwa Februari,
kwa kuwa mzee mmoja wa baraza ana msiba Masasi.

Usiku nasikia korosho zinaanguka.
Tup.
Unasubiri nyingine, haiji, unataka kusinzia.
Tup.
Ni zile zilizopona ubwiri, zikapona moto,
sasa zinaozea kwenye sheria.
Mnada wa pili umepita. Bei niliisikia,
nikaomba nisiambiwe tena.
Watoto wa shule wanatoka humo wananuka mabibo hadi masikioni.
Mbuzi wa Binti Nampoto huingia asubuhi, hutoka jioni;
hakuna aliyewapa nakala.

Jana mvua ya kwanza.
Leo nimesimama mpakani, vidole vya miguu juu ya mstari,
si ndani, si nje.
Chini ya mkorosho wa karibu korosho moja imepasuka,
imesimama kwa mguu mmoja,
majani mawili mekundu, mateketeke kama sikio la mtoto.
Tarehe tisa Julai haukuwepo huu.
Marehemu hakuupanda. Sikuupanda.
Hesabu ya themanini na tatu haiujui.

Nimemtuma mjukuu kwa Nassoro:
mwambie aje aone kitu,
asimame upande wake.