Yasiyobainishwa

Coimbatore, saa tisa usiku. Faili la arobaini na tatu:
Halvorsen, miaka sabini na minane, wa Duluth.
"Kiuno kilinishika Jumanne,
nikimtoa mke wangu kwenye bafu.
Zamani alikuwa mwepesi."

Diski hazikutajwa. Neva hazikutajwa.
Naandika M54.50:
maumivu ya kiuno, yasiyobainishwa.

Lakini mzee amebainisha!
Siku kaitaja, mzigo kautaja,
ila tarakimu ya mke sikufundishwa.

Nabonyeza. Fedha zitasafiri.

Bado thelathini na saba.
Thenmozhi, aniita msimamizi, mbona umesimama?
Naketi. Kiti kinalia kwa niaba yangu.
Kiuno changu nimekiwekea mto wa mwanangu,
ule wa tembo,
na sijakitaja kwa mtu.