Hufaa Nchi za Joto

Ndivyo ilivyoandikwa mgongoni mwa pakiti,
herufi nyembamba kama miguu ya sisimizi:
hufaa nchi za joto.
Nikacheka peke yangu dukani kwa Ambokile,
Mwanjelwa, mwezi wa sita, asubuhi,
nimevaa masweta mawili na soksi za marehemu baba.

Ramani inatuweka kwenye joto, sikatai.
Lakini ramani haijalala Tukuyu
usiku ambao hata mbwa anabisha hodi jikoni;
haijafua shuka Jumatatu
ikaianua Alhamisi, bado mbichi.

Ambokile akazipanga marigoldi kando ya mizani.
Ile ndefu kwanza: vichwa vya manjano
vilivyoumuka kama maandazi ya harusi.
“Hii wanachukua watu wa hoteli.”
Naijua. Niliipanda mwaka juzi.
Ilifika kiunoni, ikajigamba wiki mbili,
kisha mvua ya Rungwe, ile isiyonyesha bali inayokaa,
ikaingia petali kwa petali, ikahamia.
Vichwa vikanywa vikashindwa kujibeba,
vikalala vyote upande mmoja.
Nilipovikata, ndani vilikuwa kahawia
na vinanuka supu ya juzi.

Ya pili chotara, rangi ya chungwa,
mbegu zake hazimkumbuki mama yao.
Kila mwaka urudi dukani na elfu tatu mkononi.
Mama mkwe wangu Subilaga,
ambaye maishani kanunua mbegu za kabichi tu,
aliposikia alisema, “Ua la mkopo,”
akaendelea kumenya ndizi.

Ya tatu fupi. Haifiki goti.
Petali safu moja, nyekundu ya kutu,
ukingo umepakwa dhahabu kwa mkono wenye haraka.
Picha imepauka kwa kukaa dirishani.
“Hiyo hawaitaki,” Ambokile akasema, “kama gugu vile.”

Nikaipeleka puani.
Pakiti hainuki kitu, najua,
lakini nilikwisha kufika:
bangi mwitu kwenye mahindi ya mama,
imetuzidi kimo mimi na Lugano,
tunaing’oa mpaka viganja vinakuwa kijani,
vinanuka hadi kwenye ugali wa usiku,
hadi darasani kesho yake,
mwalimu anauliza nani kaja na dawa ya kunguni.
Kumbe ni ndugu. Ukoo mmoja:
huyu kapewa pakiti,
yule kapewa jembe la shingo.

Nyanya zangu nilizing’oa Machi.
Mizizi yote vifundo,
kama uzi uliochezewa na paka.
Bwana shamba akasema ni minyoo,
midogo hata jicho haliioni,
na harufu hii haiipendi.
Labda. Sijawahi kuiuliza.
Ninachojua, ua la safu moja
mvua hulipitia kama mgeni asiyeketi,
na mbegu zake nitazifunga kwenye kitambaa,
nitazitia kwenye kopo la majani ya chai,
sitamwona Ambokile tena kwa ajili ya maua.

Nikalipia mbili za ile fupi.
Nikafika mlangoni.
Nikarudi.

Kwa sababu mwaka ule, kabla sijashika kisu,
niliamka alfajiri kuwasha moto
nikamwona Subilaga uani,
khanga kichwani, ndara zimezama kwenye tope,
anakishika kila kichwa cha ua kwa mikono miwili,
anakiinamisha, anakikung’uta taratibu,
kama unavyomtoa mtoto maji masikioni.
Kimoja. Halafu kingine.
Safu nzima, na mvua haijakatika.
Sikumwita. Naye hakuwahi kusema.

“Na ile ndefu,” nikamwambia Ambokile. “Moja.”
Nitaipanda chini ya upenu,
upande wa dirisha lake.